Barua kwa Mwanangu: Filamu Iliyoachwa Mezani

Mwanangu Zuhura,

Barua yako nimeisoma, kisha nikampa baba yako, naye akanirudishia bila kusema neno, na wewe unajua kimya chake kina maana gani. Unaniuliza hivi: mwongozaji wako amekwenda kuanza filamu nyingine na kukuachia huko Paris picha za filamu isiyokamilika, huku mtayarishaji akikuhimiza uimalize, je, umsubiri arudi, au uihariri mwenyewe hadi mwisho? Nitakujibu, lakini kwanza niruhusu nimtaje Marguerite Renoir, yule mhariri wa filamu wa Kifaransa, na usigune, maana najua kwamba katika nyumba yetu mmemsikia tangu mkiwa wadogo.

Wazazi wake walimpa jina la Marguerite Houllé. Aliishi na mwongozaji Jean Renoir katika miaka ya 1930 bila kufunga naye ndoa, akalichukua jina lake, na akamhariria filamu zake kubwa za miaka hiyo, zikiwemo "La Grande Illusion" ya 1937 na "La Règle du jeu" ya 1939. Majira ya joto ya mwaka 1936 walipiga picha za "Partie de campagne" kandokando ya mto Loing, kutokana na hadithi ya mwandishi Maupassant. Walihitaji jua, wakapata mvua, na kazi ikachelewa hadi Renoir akaondoka kwenda kwenye filamu nyingine, sehemu za hadithi zikiwa bado hazijapigwa. Kisha vikaja vita; Renoir akahamia Marekani, na mwanamke aliyefuatana naye hakuwa Marguerite. Filamu ilionyeshwa mwaka 1946, ikiwa na urefu wa dakika 40 tu, naye Renoir angali Hollywood. Marguerite ndiye aliyeiunga. Palipokosa picha paliwekwa maandishi machache, na Joseph Kosma akatunga muziki.

Ninaloshindwa kulisahau ni hili. Ndani ya filamu hiyo Renoir anaigiza mwenye mkahawa, na Marguerite anaigiza mtumishi wake. Kwa hiyo miaka ikapita, akakaa kwenye meza ya kuhariria, na sura ya mwanamume waliyekwisha kuachana ikawa inapita mbele yake kwenye kioo kidogo, na ni yeye aliyekuwa na uamuzi wa sura hiyo kubaki hapo kwa muda gani. Hakumwonea. Mwenye mkahawa anachekesha kama inavyompasa, kisha anaondoka kwa wakati wake. Tena itazame ile mvua baada ya vijana wawili wa hadithi hiyo kukumbatiana kisiwani: matete yanainama kwa upepo, matone yanautoboa mto, na kamera inarudi nyuma juu ya maji kwa kasi, bila mtu yeyote kusema kitu. Mvua iliyowakwamisha kazini ikawa ndiyo moyo wa filamu. Nimekuwa nikisema siku zote kwamba anayeijua filamu ni yule anayejua kilichotupwa.

Ndipo ninapoikumbuka ile filamu yetu ya mafundi wa majahazi, ambayo mwongozaji wake alipelekwa masomoni nje kabla hatujafika nusu. Niliihariri peke yangu, kwa glavu nyeupe na kalamu ya nta, wewe ukiwa tumboni. Usiku wa maonyesho nilivaa gauni la shangazi yako, nikakaa mstari wa tatu na baba yako, na majina yakaanza kupanda. Palipoandikwa "Uhariri" palifuata jina la ofisi. Wakubwa walinieleza kwamba kazi ilikuwa ya umma, ingawa mpiga picha alitajwa kwa jina lake, na la babu yake pia. Baba yako alitaka kusimama; nilimshika mkono. Hadi leo sipendi kukaa mstari wa tatu.

Lakini ngoja, nisijipendelee. Picha za yule mzee anayekalafati jahazi, ambazo watu walizisifu kuliko zote, ni mwongozaji aliyezipata kwa kuvumilia jua siku nzima, nami nilizikuta tayari kwenye mkebe. Angekuwapo, huenda angezikata zikawa fupi zaidi. Huenda pia angekuwa sahihi. Hata hivyo ni mimi niliyemwacha mzee yule aimalize mbao yake hadi mwisho, na kuacha nako ni kuhariri. Nikirudi kwenye lile neno langu la kilichotupwa: mwaka 1994 Alain Fleischer alitengeneza filamu nzima kutokana na mabaki ya "Partie de campagne". Itafute. Utamsikia Renoir akiwarudisha waigizaji mara kwa mara, na utaona Marguerite alikuwa na mengi kiasi gani ya kuchagua.

Naye hakukoma hapo. Jacques Becker, aliyekuwa msaidizi pale mtoni, alimpa filamu zake azihariri, na Becker alipofariki Februari 1960, filamu yake "Le Trou" ilikuwa bado haijafika kwa watazamaji. Huko nako Marguerite aliandikwa Renoir. Shangazi yako husema angelitupa jina hilo. Mimi nasema alikuwa ameshalifanyia kazi.

Uliwahi kuniandikia kwamba sheria ya huko, inapotaja wanaochukuliwa kuwa watunzi wa filamu, humtaja aliyeandika hadithi, aliyeandika mazungumzo, mtunzi wa muziki na mwongozaji, na mhariri hayumo. Basi sitakuambia umalize. Ulimi unaniwasha, lakini sitakuambia, kwa kuwa simjui mwongozaji wako na sijaziona picha zake. Ila mtake akuandikie ni sehemu zipi hataki ziguswe, mzuie mtayarishaji asifute mabaki, na jina lako uliandike mwenyewe kwenye karatasi uwape, kwa sababu katika ile filamu fupi uliyotutumia walikuandika "Zohra".

Mama yako