Maswali Yenu: Kihindi cha picha hakitoshi kumsoma Agyeya

Kihindi nimekiokota kwenye picha za sinema tangu utotoni, na nyimbo zake nazifahamu karibu zote. Nimesomewa mashairi ya Agyeya, mshairi wa Kihindi, mistari mingi ikanipita. Kosa langu nini? (Msomaji, Mkunazini)

Huna kosa, ila umeingia kwa mlango mwingine. Nyimbo za picha zimejaa maneno ya Kiarabu na Kiajemi, na mengi tunayo sisi wenyewe: *kitaab* ni kitabu, *duniya* ni dunia, *waqt* ni wakati, *khabar* ni habari, *jawaab* ni jawabu. Mzanzibari huyatambua kabla hajafundishwa. Agyeya mara nyingi huchota upande wa Kisanskriti, na huko hatuna jamaa. Maneno yale yale matano, kwa mpangilio uleule, huwa: *pustak*, *vishwa*, *samay*, *samaachaar*, *uttar*.

Chukua shairi lake la nyoka, la mwaka 1954, fupi kuliko barua yako. Anamsemesha nyoka: wewe hukustaarabika, wala maisha ya mjini hukuyaweza, sasa kuuma ulijifunzaje, na sumu uliipata wapi? Katikati anamuuliza kama atajibu, na hapo anatumia *uttar*. Sikio linalongojea *jawaab* hupitwa na swali, na likipitwa na swali limepitwa na kejeli nzima, maana anayesemwa hapo ni mtu wa mjini.

Fungua daftari la safu mbili: kushoto neno la picha, kulia ndugu yake wa Kisanskriti. Jozi mia moja zinatosha kuanzia. Pamoja na hizo jifunze hati ya Devanagari inayoandikia Kihindi, konsonanti 33 na vokali 11. Wengi huanguka kwenye pumzi inayosukumwa pamoja na konsonanti: *k* na *kh* ni herufi mbili mbalimbali, ukizichanganya umebadilisha neno. Wazee wetu wanaotofautisha kaa wa baharini, mwenye pumzi, na kaa la moto, lisilo nayo, wana sikio hilo tayari. Herufi zinazoungana ziache mwisho. Ukianza nazo utakata tamaa wiki ya kwanza.

Huku Pemba utungo usio na vina wala mizani hatuuiti shairi. Mbona huyu anaitwa mshairi mkubwa? (Msomaji, Wete)

Kihindi nacho kina arudhi yake, yaani kanuni za utunzi, tena kali. Sisi tunahesabu silabi, nane na nane, na kila silabi ina uzito mmoja. Wao wanahesabu *matra*: silabi fupi ni moja, ndefu ni mbili. *Raam* ni tatu (*raa* mbili, *ma* moja), na *kamal* vilevile tatu, kwa kuwa zote tatu ni fupi. Mshororo wa *doha*, utungo wa mishororo miwili, una *matra* 24, na kituo baada ya ile ya 13. Agyeya hakuiacha arudhi kwa kuishindwa.

Mwaka 1943 alihariri *Tar Saptak*, mkusanyiko wa washairi saba akiwamo yeye mwenyewe. Watu wa taarab watalipenda jina hilo: ni ngazi ya juu kabisa kati ya tatu za sauti katika muziki wa Hindustani. Hapo ndipo ushairi wa majaribio ulipojitokeza rasmi katika Kihindi, na ugomvi ukaanza. Sisi ugomvi kama huo tumeuonja baada ya *Kichomi*, diwani ya mashairi huru ya Kezilahabi, mwaka 1974.

Hoja yake utaiona vizuri katika shairi lake la suke la uwele. Anamwambia mpenzi wake: nisipokuita nyota pekee ya magharibi wala tumba bichi la ua la champa, usidhani moyo wangu ni mtupu, mifano hiyo imechakaa. Kisha anatoa sababu ya jikoni: chombo kikisuguliwa kupita kiasi, rangi ya madini iliyopakwa juu hutoka. Kila aliyewahi kulisugua sufuria la shaba mpaka bati likabanduka anajua anachosema. Badala yake anamwita majani mabichi, na kishungi chembamba cha uwele kinachoyumba. Hebu fikiria ni mara ngapi umesikia asumini na lulu katika nyimbo zetu, halafu mtu akaja na uwele! Mimi naona ameshinda. Lisome kwa sauti, mapigo yamo. Ila hayakupangwa kwa idadi iliyo sawa.

Jina lake sahihi ni lipi, na juzuu ya tatu ya riwaya yake *Shekhar* inapatikana wapi? (Msomaji, Chake Chake)

Jina lake ni Sachchidananda Hirananda Vatsyayan. Alizaliwa 1911 Kushinagar, akafariki 1987 Delhi. Agyeya maana yake asiyeweza kujulikana. Lilitoka gerezani: alikamatwa 1930 pamoja na wanamapinduzi waliopinga Waingereza, na hadithi alizotoa humo hazikuweza kuchapishwa kwa jina lake. Herufi ya katikati ya jina hilo Wahindi huitamka *gy*, ila wataalamu wa Kisanskriti huiandika *jñ*. Kwa hiyo ukitafuta kwa tahajia moja maktaba itakwambia hakuna. Jaribu Agyeya, kisha Ajneya, kisha Vatsyayan. Hata *Shekhar* huorodheshwa kama Sekhara.

Juzuu ya kwanza ilitoka 1941, ya pili 1944. Ya tatu hakuichapisha, basi usiisumbukie. Na kama hujawahi kusoma riwaya zake, usianze na *Shekhar*, ni ndefu na mfungwa wake anarudi nyuma na mbele katika kumbukumbu zake. Anza na *Apne-Apne Ajnabi* ya 1961: wanawake wawili, Selma mzee mgonjwa na Yoke kijana, wamefukiwa na theluji ndani ya nyumba moja. Ni fupi, na watu wake wachache hutawapoteza njiani.