Jina lako Frumentius tulilitoa wapi

Umoja, Nairobi

Mwanangu mpendwa,

Barua yako imefika, na niliisoma mara mbili peke yangu kabla ya kumsomea mama yako. Umeuliza mambo mawili. Kwanza, jina la Frumentius tulilitoa wapi na lina maana gani, kwa kuwa katika maisha yako yote hujakutana na mtu mwingine anayeitwa hivyo. Na pili, kama nitaudhika ukiliondoa katika kitambulisho chako na kubaki na Okeyo pamoja na jina la ukoo, maana kila ofisi unayoingia inaliandika kwa namna yake. La pili nitalijibu mwishoni, kwa sababu halina maneno mengi. La kwanza ni deni la zamani. Nilipaswa kukulipa ulipokuwa darasa la nne, jioni ile uliporudi nyumbani ukilia kwamba wenzako wanakuita Fulu, yule samaki mdogo wa ziwani anayeanikwa juani na kupimwa kwa gorogoro, nami badala ya kukueleza nikacheka.

Ulizaliwa tarehe 2 Agosti 1994, wakati tulipokuwa tukipanga chumba kimoja katika ploti ya Eastleigh, bomba la maji likiwa moja kwa wapangaji wote. Mlango wa tatu kutoka kwetu alikaa mama mmoja Mhabeshi aliyekimbilia Nairobi baada ya serikali ya Mengistu kuanguka huko Ethiopia mwaka wa 1991. Kiswahili chake kilikuwa kile cha kununulia mboga, na Kiamhari chetu hakikuwapo kabisa, lakini alikuwa jirani wa kweli. Mama yako alipotoka hospitalini nawe, mama yule alikuja na jiko lake la makaa, akakaanga kahawa mbichi mbele ya mlango wetu hadi moshi wake ukajaa chumbani, akatusogezea kikaango tunuse, mmoja baada ya mwingine, kama wafanyavyo kwao. Kisha akauliza umezaliwa siku gani. Nilipomtajia tarehe alihesabu kwa vidole akinong'ona, akafika siku ya 26 ya mwezi wanaouita Hamle, akapiga makofi na kusema, “Abba Salama! Abba Salama!”

Mimi nilidhani anatuombea usalama, nikamjibu, “Salama, mama, asante.” Alitikisa kichwa, akanyoosha kidole kwako, akarudia.

Ilinichukua majuma matatu kuelewa. Tulipokwenda kukuandikisha kwa ubatizo, katekista aliuliza jina la mtakatifu, na mimi sikuwa nalo. Siku hizo sheria ya Kanisa haikutulazimisha, kwa kuwa kanuni za mwaka wa 1983 zinataka tu jina lisilopingana na imani ya Kikristo. Lakini katika parokia yetu mazoea ya zamani yalikuwa na nguvu kuliko sheria mpya. Kanuni za mwaka wa 1917 ndizo zilizomwagiza padri ahakikishe mtoto anapewa jina la Kikristo, na wazazi wakikataa, yeye mwenyewe aongeze jina la mtakatifu na kuyaandika yote mawili kitabuni. Ukitaka kujua kwa nini babu zako wote wanaitwa Aloys, Romanus na Bonifasi, anzia hapo. Wamisionari wa Mill Hill walifika Kisumu mwaka wa 1903 na kalenda yao ya watakatifu, na kalenda ile ilikuwa na Warumi wengi kuliko watu wa huku. Ni mwaka wa 1964 tu, mashahidi wa Uganda walipotangazwa watakatifu, ndipo majina kama Kizito na Lwanga yalipoanza kuandikwa katika vitabu vya ubatizo bila ya padri kukunja uso.

Basi nilimweleza padri, mzee mpole aliyependa historia kuliko mahubiri, kwamba jirani yetu anamwita mtoto Abba Salama. Akacheka kwa furaha kama mtu aliyeulizwa swali alilolisubiri miaka mingi. Akasema huyo ndiye Frumentius, na kwamba kalenda ya zamani ya Roma ilimkumbuka tarehe 27 Oktoba, ila Wahabeshi wana siku yao. Papo hapo nikasema mtoto ataitwa hivyo. Mama yako alinikanyaga mguu chini ya meza, lakini nilikuwa nimekwisha kusema.

Sasa nikueleze huyo alikuwa nani, maana watu wengi wakisikia jina lako hudhani ni Mzungu fulani wa Roma. Alizaliwa Tiro, ule mji wa pwani ya Lebanoni unaotajwa katika Biblia, katika karne ya 4. Yeye na Edesius, ambaye kwa kawaida hutajwa kuwa ndugu yake, walikuwa bado watoto walipochukuliwa safarini na jamaa yao mwalimu, Meropius. Wakati wa kurudi, chombo chao kilitia nanga katika bandari ya Bahari ya Shamu ili kupata maji na chakula. Mapatano ya wenyeji na Warumi yalikuwa yamevunjika, nao wenyeji wakawavamia na kuua kila aliyekuwamo. Wale watoto wawili hawakuwamo chomboni. Walikutwa chini ya mti, wakitayarisha masomo yao.

Nimeisoma habari hiyo mara nyingi, na kila mara husimama hapo. Watu wenye silaha wametoka kuua, wanawakuta watoto wawili wameshughulika na vitabu, na mikono yao inalegea. Walipelekwa kwa mfalme wa Aksum, dola iliyotawala sehemu za Eritrea na Ethiopia ya kaskazini za leo. Edesius akafanywa mnyweshaji wa mfalme, na Frumentius, ambaye mfalme alimwona kuwa na akili na busara, akakabidhiwa hazina na barua za utawala. Fikiri jambo hilo: mateka, mtoto wa watu, aliyekuja bila hata kiatu cha pili, anashika funguo za hazina ya nchi.

Mfalme alipokaribia kufa aliwapa uhuru waende watakako. Malkia ndiye aliyewasihi wabaki wamsaidie kutawala hadi mwanawe atakapokua, akimwomba hasa Frumentius. Wakabaki. Katika miaka hiyo Frumentius aliwatafuta wafanyabiashara Wakristo waliofika kutoka nchi za Warumi, akawapa nafasi na msaada wa kujenga mahali pa kusalia. Hakuwa padri wala shemasi wakati huo. Alikuwa mtumishi wa serikali aliyekuwa akisali. Na mwana wa mfalme alipokomaa, wale wawili walimkabidhi kila kitu, wakaaga.

Edesius alikwenda moja kwa moja Tiro kuwaona wazazi na jamaa zake. Frumentius alishika njia ya Aleksandria kumwona askofu Athanasius, kumweleza kwamba Wakristo wa Aksum wanazidi na hawana mchungaji, amtafute mtu wa kumtuma. Athanasius aliwakusanya mapadri wake, akasikiliza, kisha akaona hakuna wa kumfaa kazi hiyo kuliko aliyeileta habari. Akamweka wakfu kuwa askofu na kumrudisha kulekule alikokuwa mateka. Mtu alikwenda kuomba mchungaji, akarudi yeye ndiye mchungaji.

Usifikiri hii ni hadithi ya kubuni ya kuwalaza watoto. Aliyeiandika, Rufinus wa Aquileia, asema aliisikia kwa Edesius mwenyewe, aliyekuja kuwa padri huko Tiro. Na uko ushahidi mwingine wa nje, ambao mimi hupenda kumtajia mtu mwenye shaka. Karibu na mwaka wa 356, Kaisari Constantius wa Pili, aliyekuwa amemfukuza Athanasius, aliandika barua kwa watawala wa Aksum, Ezana na nduguye Saizana, akiwataka wamrudishe Frumentius Misri achunguzwe imani na askofu mpya aliyewekwa na upande wa Kaisari. Athanasius aliinakili barua hiyo katika maandishi yake, ndiyo maana tunayo hadi leo. Kadhalika sarafu za Ezana zenyewe zinasema: za mwanzo zina mwezi mwandamo na duara, ishara za dini ya zamani, za baadaye zina msalaba, nazo ni miongoni mwa sarafu za kwanza duniani kuchorwa alama hiyo. Na uzi uliofungwa siku ile Aleksandria haukukatika upesi, kwa kuwa Kanisa la Ethiopia liliendelea kumpokea mkuu wake kutoka Misri kwa karne nyingi, na ni mwaka wa 1959 tu lilipopata patriaki wake mwenyewe.

Kuhusu maana, jina lenyewe ni la Kilatini. Linatokana na neno frumentum, yaani nafaka, hasa ngano. Hili sikulijua siku ya ubatizo wako. Nililijua miaka mingi baadaye, nilipokuta kamusi ya Kilatini kwa muuza vitabu vya mitumba pale mjini na kuifungua kwa udadisi tu, nikasimama njiani huku watu wanane wakinipiga vikumbo.

Unajua kwa nini nilisimama. Kabla padri hajatia neno, nyanya yako alikuwa amekwisha kutuma ujumbe kutoka Siaya kwamba mtoto ataitwa Okeyo, kwa sababu ulizaliwa wakati wa keyo, wakati wa kuvuna, na siku hiyo walikuwa wakiingiza ghalani mahindi ya masika. Kwetu jina la namna hiyo halitafutwi vitabuni. Aliyezaliwa usiku ni Otieno, aliyezaliwa mvua ikinyesha ni Okoth, na mtoto akilia mfululizo bila ugonjwa wazee hutaja majina ya waliotangulia, moja baada ya jingine, hadi anyamaze, wakajua ni nani aliyetaka kukumbukwa. Kwa hiyo umebeba mavuno kwa Kijaluo na nafaka kwa Kilatini, na hakuna aliyepanga. Nilipompelekea nyanya yako habari hiyo nikitarajia ashangae, alicheka, akasema kama ni hivyo basi padri alirudia tu jambo alilokwisha kulisema yeye, tena yeye hakutoza sadaka.

Wahabeshi nao hawalitumii sana hilo la Kilatini. Katika lugha yao ya ibada limekuwa Fremnatos, lakini jina walilompa kwa mapenzi ni Abba Salama, Baba wa Amani, na pia Kesate Birhan, mfunuaji wa nuru. Hilo neno salama ni lilelile letu. Lao na letu, lililotufikia kupitia Kiarabu, ni ndugu wa ukoo mmoja. Jirani yetu alikuwa akisema Kiswahili bila kujua, nami nilikuwa nikimjibu sawasawa bila kujua.

Nimefikia swali lako la pili, na nadhani jibu umekwisha kuliona. Mtu huyu wazazi wake walimpa jina moja, na watu aliowatumikia wakamwita jingine, na la pili ndilo analoitwa hadi leo na mamilioni ya watu huko Ethiopia na Eritrea. Sitaudhika. Isitoshe, makosa ya maandishi mimi mwenyewe nina sehemu yangu. Karani wa vizazi aliponiuliza herufi nilimtajia haraka, nikaruka i moja, akaandika Frumentus. Mwalimu aliyekuandikisha kwa mtihani wa darasa la nane akaongeza o, ukawa Frumentious. Kati ya hati za serikali, kitambulisho ndicho pekee kilichopatia. Ile hati ya kiapo uliyoapa mbele ya wakili kabla ya kuingia chuo, ukilalamika juu ya ada yake, ilitokana na uvivu wangu wa dakika moja dirishani.

Ila usifanye jambo hili nusunusu. Ukiliondoa, andikiwa na wakili hati ya kubadilisha jina, isajiliwe na itangazwe katika Gazeti Rasmi la Serikali, usije ukabaki na karatasi nne zinazowataja watu wanne. Ukiamua kulibakiza, basi lirekebishwe katika cheti cha kuzaliwa, na tufuate njia hiyohiyo ya subira. Katika kitabu cha ubatizo litabaki kwa vyovyote, kwa mkono wa yule mzee, herufi zote zikiwa mahali pake; hilo sikumwachia mtu, nilisimama nyuma yake nikisoma.

Mama yako ameniagiza nikuongezee neno. Amesema alinikanyaga kwa sababu alikuwa ametaka Kizito, na kwamba mjukuu akizaliwa mwezi wa kumi na mbili bado jina hilo lipo wazi. Mimi nimemwambia hayo ni yako na mkeo.

Cheti cha ubatizo, kile cha kuzaliwa na hati ya kiapo ya zamani nimevitia katika bahasha moja ndani ya sanduku la bati chini ya kitanda chetu. Ukija Jumamosi, njoo kabla ya saa nne, kwa sababu fundi wa kutoa nakala hapa stejini hufunga mapema, na uje na kitambulisho chenyewe, picha yake kwenye simu haitatosha.

Ni mimi baba yako.