Ukitaka kumjua Mmarekani mbishi, anza na mji wake

Wiki jana kijana mmoja wa Kisauni kaniandikia, ujumbe mrefu kweli, lakini ukiuchuja unabaki na mambo mawili. La kwanza, "Anti, nipe orodha ya vitabu kumi vya Wamarekani walioishi kivyao bila kumsikiliza mtu." La pili, anataka kujua kama anaweza kuacha kazi akaandike. Hilo la kazi nimemjibu huko huko inbox na sirudii hapa, mamake asije akanipigia simu. La vitabu ndo naandika leo manake najua hayuko peke yake, nyote mnaonisoma mna daftari mahali mmelificha mnataka kuandika, msijifanye.

Orodha sitoi. Sio roho mbaya, ni kwamba orodha za hivyo zimejaa mitandaoni na zote zinafanana, huyu kaenda msituni, yule kakataa kodi, mwingine kavuka jangwa, na ukizimaliza unabaki na maneno ya kubandika kwa status na hujui kitu. Mie ushauri wangu ni mmoja na ntaurudia mpaka mnichoke: kabla ya kitabu cha mtu, soma historia ya mji wake. Mji kwanza, mtu baadaye.

Tumchukue Henry David Thoreau, yule mwandishi wa Kimarekani wa karne ya 19, manake kila mtu anaanza naye. Tarehe 4 Julai 1845 kahamia kwenye kijumba chake kando ya ziwa la Walden, pale Concord, Massachusetts, akakaa miaka miwili na miezi miwili hivi, na 1854 kitabu chake, Walden, kikatoka. Watu wanakisoma wanaona mwanamume kashika shoka kaingia porini kaachana na dunia. Haya, sasa shika historia ya Concord uweke kando yake. Ile ardhi ilikuwa ya rafiki yake Emerson, mwandishi mwenzake. Reli ya kutoka Boston ilikuwa ndo kwanza imefunguliwa na treni inapita pale pale kando ya ziwa, anaisikia. Na mbao za hicho kijumba kazitoa wapi? Kanunua kibanda cha James Collins, Muailandi mfanyakazi wa reli, kwa dola 4 na senti 25, na masharti ni Collins na familia yake wawe wameshatoka kesho yake alfajiri. Thoreau mwenyewe anasimulia kwamba saa kumi na mbili asubuhi kakutana nao njiani, mali yao yote wameifunga mzigo mmoja, kitanda, kinu cha kahawa, kioo na kuku. Paka tu ndo hawakwenda naye, kaingia msituni akawa paka mwitu.

Mie nilipofika hapo nilifunga kitabu nikakaa. Manake huyo paka na hicho kioo, hakuna anayevibandika kwa status.

Na hawakuwa Waailandi peke yao. Kwenye ule msitu kabla ya Thoreau waliishi watu weusi waliokuwa watumwa pale pale Concord, mji unaojisifu kwamba vita vya uhuru vya 1775 vilianzia kwake. Walipoachwa huru hawakupewa kitu, wakaenda kujibanza kwenye udongo mbovu ambao hakuna mwingine aliutaka. Brister Freeman, Cato Ingraham, na mwanamke anaitwa Zilpah aliyeishi peke yake akisokota kitani kwa ajili ya watu wa mjini. Thoreau kawataja kwa majina, nampa haki yake. Lakini ukisoma haraka unawaruka, ni kurasa chache, wakati huyo Zilpah ndo kaishi kivyake msituni miaka mingi kuliko yeye, na hakuwa na mama wala dada mjini wa kumkaribisha chakula.

Simshushi Thoreau, msinielewe vibaya. Julai 1846 kalala jela usiku mmoja kwa sababu alikataa kulipa kodi kwa serikali inayolinda utumwa na inayopigana na Meksiko, na makala aliyoandika baadaye kuhusu hilo Gandhi kaisoma. Na kwa sisi tunaoandika kuna hili la kututia moyo, kitabu chake cha kwanza, kile cha safari ya mtoni, kilichapishwa nakala 1,000 mwaka 1849 kwa gharama zake, na 1853 mchapishaji kamrudishia nakala 706 ambazo hazikuuzika. Akaandika kwenye shajara kwamba sasa ana maktaba ya vitabu karibu 900, zaidi ya 700 kaandika mwenyewe. Mimi hapo nilicheka peke yangu zamu ya usiku mpaka mgonjwa mmoja akabonyeza kengele akidhani kuna jambo.

Sikuwaambia, mie naishi Lowell, si mbali na huko Concord. Ni mji ambao ukisema "jameni" kwa sauti ndani ya supamaketi lazima vichwa vigeuke, Wakenya tumejaa. Natunza wazee, na wanaoijua hii kazi wanajua, saa nane usiku ushawageuza, ushaandika chati, kuna kimya fulani, na ndani ya hicho kimya nimesoma kuliko nilivyosoma shule nzima.

Sasa nikajiunga na kikundi cha kusoma. Sitaji cha wapi. Nilikuwa mweusi pekee na nilikuwa nimesoma kuliko wote, nasema bila aibu, nimekuja na karatasi zangu nimeandika maswali. Nikauliza la Zilpah. Yule mzee anayeongoza akatabasamu, ile tabasamu ya upole kabisa, akaniuliza kama kuna vitabu vya kwetu Afrika ambavyo ningependelea tusome, labda ningejisikia nyumbani zaidi. Hakuna aliyesema kitu. Mama mmoja akanisogezea biskuti.

Imepita muda na bado ikinijia nikiendesha gari nabana usukani. Manake mtu hakukufukuza, kakuonyesha mlango kwa adabu.

Lakini ndo nikaingia kwenye historia ya huu mji ninaoukanyaga, kwa hasira, na hasira ni mwalimu mzuri tu ukiielekeza. Lowell ulijengwa miaka ya 1820 kwa ajili ya viwanda vya nguo, maji ya Mto Merrimack yakapitishwa kwenye mifereji yazungushe mitambo. Pamba ilitoka kusini, imechumwa na watumwa. Na kitambaa kimeenda wapi? Kingi kilibaki huku huku, lakini Massachusetts hii hii ndo ilikuwa inapeleka shehena na shehena Zanzibar. Mkataba wa biashara kati ya Marekani na Sayyid Said ni wa 1833, balozi mdogo wa kwanza wa Marekani aliyefika Unguja 1837, Richard Waters, alikuwa mtu wa Salem, safari fupi tu kutoka kwangu. Zile merikani, vile vitambaa vya pamba ambavyo bibi zetu walifunga, ambazo misafara ilibeba mpaka bara kama pesa, zilifumwa pande hizi. Vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Marekani vilipoanza 1861 pamba ikakatika, na soko la pwani likachukuliwa na wengine. Kwa hiyo mzee wangu wa tabasamu, mie hiki kitabu ni cha kwetu. Nilimwandikia haya yote kwa barua pepe, kajibu "asante kwa mchango wako."

Na humo humo kwenye historia ya mji ndo nikampata mbishi wangu. Sarah Bagley. Msichana wa shamba kutoka New Hampshire, kaja Lowell miaka ya 1830 kufanya kazi kiwandani kama maelfu ya wasichana wengine, wanalala hosteli za kampuni, kengele inawaamsha, kengele inawapeleka kula, kazi inafika masaa 13 kwa siku. Ukienda leo pale jumba la makumbusho la Boott kuna chumba cha mitambo ya kufuma bado inafanya kazi, ukiingia sakafu inatetemeka mpaka unaisikia magotini, wanakupa vitu vya kuziba masikio, na hapo ni sehemu tu ya mitambo imewashwa. Wale wasichana hawakupewa vya masikio.

Mwishoni mwa 1844 Bagley na wenzake wakaanzisha chama cha wanawake wafanyakazi wakadai siku ya kazi iwe masaa 10. Wakakusanya saini, 1845 wakaenda kutoa ushahidi mbele ya kamati ya bunge la jimbo. Kamati ikasikiliza, ikasema hilo sio jambo la bunge. Mwenyekiti wa kamati, William Schouler, alikuwa mbunge wa Lowell hapo hapo. Wanawake hawana kura, sawa? Lakini wakampigia kampeni ya kumng'oa na kweli kaanguka, nao wakatoa shukrani kwa wapiga kura wa Lowell. Jamani. 1846 Bagley akawa mwendeshaji wa telegrafu, mmoja wa wanawake wa kwanza kabisa nchini kufanya hiyo kazi. Sheria ya masaa 10 kwa wanawake Massachusetts ilipita 1874, miaka karibu 30 baadaye.

Mwezi uliopita nimemsimulia Bagley kwa Kiswahili kwenye ukumbi wa kanisa, kina dada wengi bado na yunifomu za kazini. Watu wamekaa mpaka kwenye ngazi. Nilipofika kwa Harriet Hanson, mtoto wa miaka 11 ambaye mgomo wa 1836 wakubwa walisitasita yeye akasema mie natoka hata mkibaki, akatoka na chumba kizima kikamfuata, ukumbi ulipiga makofi. Nikawaambia subirini. Mamake alikuwa mjane, anaendesha hosteli ya kampuni, na kampuni ikamwondoa, akaambiwa wasichana wakubwa hukuweza kuwazuia lakini huyu ni mwanao. Kimya. Kila mtu mle ndani anatuma pesa nyumbani, kila mtu anajua kazi ya mmoja ni chakula cha wangapi. Dada mmoja aliyetoka kupiga dabo, zamu mbili mfululizo, kasimama kasema, "Basi huyo mama ndo angeandikiwa kitabu." Yule ndo msomaji ninayemtaka mie. Na sikualika mtu wa kikundi kile, ingawa tangazo nilihakikisha wameliona.

Sasa narudi kwenu mnaotaka kuandika. Ubishi hauanguki kutoka mbinguni. Zora Neale Hurston, yule mwandishi mweusi, mnampenda kwa jeuri yake, lakini soma Eatonville, Florida kwanza, mji wa watu weusi uliosajiliwa 1887, meya mweusi, mwenye duka mweusi, babake mwenyewe aliwahi kuwa meya. Mtoto aliyekulia hapo kamuona mweusi akitoa amri tangu utotoni. Ndo maana mchapishaji alipomwambia abadilishe namna Kossola anavyozungumza kwenye kitabu chake, Kossola yule mzee wa Alabama aliyeletwa na meli ya Clotilda mwaka 1860 wakati kuingiza watumwa kulishapigwa marufuku tangu 1808, yeye akakataa. Kitabu kikalala. Kimetoka 2018, mwenyewe kafa tangu 1960. Au Jeannette Rankin, mbunge wa Montana aliyepiga kura peke yake dhidi ya vita 1941, 388 kwa 1, bila kusoma Montana na kampuni ya shaba ya Anaconda iliyoshika magazeti ya huko utamwona kama kituko tu.

Kwa hiyo acheni kunukuu watu msiojua walikula kwa nani. Mnabandika "ishi maisha yako" na kodi ya nyumba analipa shemeji. Kila kitabu cha shujaa mnachoshika ulizeni shamba la nani, nguo kafua nani, mshahara katoa nani, nani kahama ili yeye apate nafasi. Kama kitabu hakisemi, nenda kwenye kitabu cha historia ya mji, mara nyingi kimeandikwa na mwalimu mstaafu na kinachosha kurasa 40 za mwanzo, ruka. Angalieni faharasa mwishoni, jina linalotokea mara moja tu, lifuate hilo. Mji kwanza, nshasema.

Na msiniambie hamna pesa. Harriet alipozeeka kaandika kumbukumbu zake, Loom and Spindle, kimetoka 1898, hakimiliki ilishakwisha zamani, kipo bure intaneti. Anza na ile sehemu ya mgomo. Ukimaliza fungua ramani uone Mto Concord unavyoingia Merrimack hapa Lowell, ndo mto wa ile safari ya Thoreau iliyobaki na nakala 706, na yeye mwenyewe mtamkuta tu, haendi popote, ila mkifika kwenye yale maharage yake anayoyasifia, mkumbuke shamba ni la Emerson.