Unataka kuchezea taifa vinyoya? Anza na miguu na pasipoti

Juzi baada ya sala ya isha nimepata ujumbe wa msichana mmoja wa Wete, Pemba. Ana miaka 17, anacheza mpira wa vinyoya (badminton) skuli, na anauliza: "Kaka, nifanye nini na mimi nivae jezi ya taifa? Baba anasema huo si mchezo wa watoto wa kike, na huku kwetu hata ukumbi hatuna." Nikaanza kumjibu kwa mistari miwili, nikajikuta naandika mpaka saa sita za usiku. Basi namjibu hapa, maana najua mko wengi wenye hamu hii hii, na sitaki muangukie shimo nililoangukia mimi.

Nimekulia Jang'ombe, hapa Unguja. Maalim wetu wa michezo alikuwa na raketi nne, mbili kati ya hizo nyuzi zimekatika. Wavu ulikuwa kipande cha wavu wa samaki, upande mmoja tumeufunga kwenye mwarobaini na upande wa pili kwenye nguzo ya goli. Maalim alikata ufito wa mita 1.55, kama sheria inavyotaka pale nguzoni, na kila siku aliusimamisha kwanza kabla hajaturuhusu kugusa raketi. Tulicheza mara tu baada ya sala ya alfajiri, kwa sababu jua likipanda na upepo unapanda nao, na kinyoya kinaishia juu ya bati la jirani.

Na hicho kinyoya chenyewe! Cha mashindano kina manyoya 16, mazuri zaidi ni ya bata bukini, yamechomekwa kwenye kizibo, na chote kina uzito wa gramu tano hivi. Unyoya mmoja ukivunjika kinayumba hewani kama kishada kilichokatika mkia. Wachezaji wakubwa wanabadilisha vinyoya kadhaa katika mechi moja. Sisi kimoja tulikaa nacho wiki nzima. Nilikuwa nikikaa kizingitini jioni na gundi na uzi wa mama wa kushonea kofia, nazungusha mzunguko mmoja juu na mmoja chini, nakaza taratibu ili unyoya usipinde. Mama akiniangalia huku anashona, akasema, "Mwanangu, hicho kinyoya ndicho kitakachokulisha?" Sikuwa na jawabu, nikaomba uzi mwengine.

Miaka minne ya mazoezi naipita. Nilipofika miaka 22 ukaitishwa mchujo wa timu ya kusafiri. Tulikuwa 14, nafasi nne. Nilimaliza wa pili. Karatasi ya majina ikabandikwa mlangoni, na nasema kweli, niliisoma huku mkono umeshika ukuta. Nyumbani mama alipika pilau kwa habari ile.

Siku tatu kabla ya safari nikaenda kuuliza saa ya kuondoka. Jina langu limepigwa mstari kwa kalamu ya buluu, na juu yake limeandikwa jina la kijana niliyemfunga 21–14, 21–17. Nikaambiwa sina pasipoti. Fomu zangu zote, na barua ya sheha, na cheti cha kuzaliwa, nilikuwa nimempa kiongozi mmoja miezi miwili nyuma, akanambia, "Niachie mimi, kijana." Akafungua droo mbele yangu kutafuta kitu chengine, na bahasha yangu ikawa imo humo humo, imebanwa na klipu ile ile niliyoibana mwenyewe. Hakuna mkono ulioigusa. Alichonambia ni kwamba mimi bado mdogo, nisubiri mwakani.

Simtaji jina, na sitamtaja. Lakini mwenye kovu usidhani kapoa. Mpaka leo nikipita karibu na mlango ule naangalia upande mwengine wa barabara.

Nikaiacha raketi miaka miwili. Nikauza makava ya simu Darajani, nikawa nikisikia watu wanazungumza michezo nahamisha maneno. Sasa naona lile ndilo kosa langu kubwa kuliko yote, kubwa kuliko la yule kiongozi. Yeye alininyima safari moja, lakini miaka miwili nilijinyima mwenyewe. Kwa hiyo ndugu yangu unayesoma na wewe umekatwa jina mahali, lia siku tatu, ya nne kaimarishe miguu.

Nilirudi, na nilipochaguliwa tena pasipoti ilikuwa tayari, nimeilipia mwenyewe, iko kwenye mkoba wa mama pamoja na hati ya nyumba. Tukasafiri. Kwa mara ya kwanza maishani nikaingia ukumbi wa vinyoya wa kweli: sakafu ya mbao, madirisha yamefungwa, hewa haitikisiki. Mpinzani wangu alitoka Mauritius. Alinifunga 21–9, 21–11, na karibu nusu ya pointi zake nilimpa mimi kwa kupiga nje.

Usiku ule kitandani ndio nikafahamu. Mkono wangu ulikuwa umejifunza kupiga dhidi ya kusi. Miaka yote ile nilizoea kutia nguvu ili kinyoya kipenye upepo, na kulenga pembeni kidogo ili upepo ukirudishe ndani. Mle ukumbini hapakuwa na wa kukirudisha. Kesho yake nikaanza kupiga kwa nusu ya nguvu zangu, nikashinda mechi yangu ya pili kwa 22–20 seti ya tatu. Mwamuzi alipotaja jina langu na baada yake "Tanzania", nilimkumbuka maalim na ule ufito wake.

Watu wananiambia sisi ni kisiwa kidogo, tutafika wapi? Sensa ya 2022 ilihesabu Zanzibar watu zaidi ya milioni 1.8. Mauritius hawafiki hata milioni 1.3, na Kate Foo Kune, mchezaji wao wa vinyoya, ndiye aliyebeba bendera ya nchi yake kwenye ufunguzi wa Olimpiki ya Rio mwaka 2016. Maldivi ni wachache zaidi, nusu milioni hivi, nchi ya Waislamu, visiwa na wavuvi kama sisi. Fathimath Nabaaha Abdul Razzaq wa huko amecheza vinyoya Olimpiki ya Tokyo na ya Paris. Mdogo wangu wa Wete, mwoneshe baba picha zake. Na kama shida yake ni nguo, mwambie kwa adabu kwamba mwaka 2011 shirikisho la dunia lilitaka kuwalazimisha wanawake wavae sketi, likapingwa, na 2012 likaachana na jambo hilo. Suruali ndefu unavaa, na mtandio wako unavaa.

Uchungu wa kufunguliwa mlango kisha ukafungwa Wazanzibari wote tunaujua. CAF, shirikisho la mpira wa miguu la Afrika, ilitupokea uanachama Machi 2017, na Julai mwaka ule ule ikatutoa. Lakini Disemba yake vijana wetu wa mpira wa miguu wakafika fainali ya Chalenji, kombe la nchi za Afrika Mashariki na Kati, kule Kenya, wakafungwa kwa penalti tu. Hawakukaa nyumbani kununa. Mimi nilinuna, ndiyo maana nasema kwa ukali.

Fanyeni mazoezi ya miguu. Hayataki ukumbi, raketi wala mtu wa pili. Chora uwanja ardhini, simama kati, kimbilia pembe moja, rudi kati, kimbilia nyengine, rudi kati. Kurudi kati ndiko kunakowashinda wengi. Sevisi, lile pigo la kuanzia, nayo unaweza kuifanya peke yako: pigia ukuta alama kwenye urefu wa mita 1.15, kwa sababu tangu 2018 kinyoya hakiruhusiwi kugongwa juu ya hapo, kisha weka ndoo mbali na utie vinyoya ndani mpaka mkono uchoke. Tafuteni pahala pasipo na upepo hata mara moja kwa wiki. Ukumbi wa harusi asubuhi uko mtupu, muombeni mwenyewe kwa heshima na mjitolee kuufagia. Na miguu, jamani, miguu.

Pasipoti usimwachie mtu. Nenda mwenyewe, simama foleni mwenyewe, karatasi ya kuchukulia ikae mfukoni mwako. Kiongozi akikwambia "niachie mimi", mwambie ahsante, na uondoke na bahasha yako.

Mwezi ujao, inshallah, navuka kuja Pemba kwa harusi ya binamu yangu Chake. Mdogo wangu, nitakuletea kopo moja la vinyoya 12 na raketi yangu ya zamani, nyuzi nimezitia upya. Siku ya pili nitapanda gari nije Wete, nikae na baba yako barazani nimsikilize. Wewe uje na cheti chako cha kuzaliwa. Nitataka kukiona hicho kwanza, ndipo nikupe raketi.