Kelele iliyowekwa kwa makusudi

SWALI: Ndugu wahariri, nina albamu ya hip-hop ya majaribio, dakika 40, MP3 ya kilobiti 128 kwa sekunde. Ngoma zinapasuka, na ule mvumo wa nyuma unagugumia kama maji. Rafiki yangu ananiambia nitafute FLAC, faili inayobana muziki bila kutupa sauti yoyote, lakini itakula mega nyingi. Kuna faida kweli?
Msomaji, Katindo, Goma

JIBU: Ipo, na kwa muziki huu ni kubwa kuliko kwa nyimbo nyingine. MP3 hupunguza uzito kwa kutupa sauti inazokisia kwamba sikio halitazisikia kwa kuwa zimefunikwa na nyingine. Kwa gitaa na mwimbaji mmoja, hufaulu. Lakini hapa mtayarishaji amepanga mikwaruzo na mivumo tabaka juu ya tabaka. Kelele haina mpangilio, hudai biti nyingi, yaani data nyingi, na kilobiti 128 hazitoshi: ndio huo mgugumio. Pigo kali nalo hutanguliwa na ukungu, maana MP3 hukata muziki vipande vya sampuli (vipimo vidogo vya sauti) 1152, kama milisekunde 26, na kosa husambaa hadi kabla ya pigo lenyewe.

Kupasuka kwa ngoma ni jambo jingine. Huenda msanii aliutaka mpasuko huo. FLAC haitauondoa, itakuletea jinsi ulivyorekodiwa.

Tuhesabu mega. Dakika 40 za ubora wa CD ni kama 423 bila kubanwa. FLAC mara nyingi huzishusha hadi 250 au 300, ingawa albamu ya kelele nyingi hubanika kidogo tu. MP3 yako ni 38. Mega zikikubana, chukua MP3 ya kilobiti 320, kama mega 96, iliyotolewa moja kwa moja kwenye chanzo. Wachache sana watatambua tofauti.

Usigeuze MP3 yako kuwa FLAC: uzito utaongezeka, kilichotupwa hakirudi. Ukiuziwa FLAC kwenye flashi, ifungue kwa Spek, programu ya bure ya kompyuta inayochora sauti za chini hadi za juu. Nyimbo zote zikiwa zimekatwa bapa kwenye kilohezi 16, yaani juu ya hapo hakuna sauti, shuku kwamba zilitoka kwenye MP3. Wimbo mmoja tu ukiwa hivyo usimlaumu muuzaji, pengine msanii alitumia kipande cha kanda ya zamani.

VLC, programu ya bure ya kuchezea muziki na video, hucheza FLAC kwenye simu. Sikiliza kwa visikizio vya waya, kwani Bluetooth ya kawaida huibana sauti upya njiani. Na rafiki akikutumia kwa WhatsApp, atume kama hati.