Kazi ya kubuni seti za filamu: kwa anayechora lakini hataki kuigiza

Mkuu, umeuliza kama mtu anayejua kuchora, asiyetaka kuonekana kwenye kioo, anaweza kuishi kwa kazi za filamu, na kama ni lazima apitie chuo. Kuishi anaweza. Chuo kinasaidia, hasa usanifu majengo au sanaa za jukwaani, ila idara ya sanaa niliyoingia mimi ilijaa maseremala, wapaka rangi na mafundi cherehani. Cheti hawakuniuliza. Waliuliza kama nina futikamba.

Kuchora kwenyewe ni sehemu ndogo. Kazi inaanzia kwenye skripti, penseli mkononi, unachambua kila kitu ambacho onesho (tukio moja la filamu) litahitaji, kilichotajwa na kisichotajwa. Imeandikwa "anavunja sahani kwa hasira"? Mwongozaji atarudia tukio hilo, na kila akirudia anataka sahani nzima inayofanana na ile ya kwanza. Shati la kumwagiwa damu ni vilevile. Halafu filamu hairekodiwi kwa mfuatano wa hadithi. Chumba kitakachoungua lazima kimalizwe kurekodiwa chote kikiwa kizima, hata maonesho yanayokuja mwishoni kama kumbukumbu. Usipolisema hilo mapema kwa wapanga ratiba, utajenga chumba mara mbili.

Ninachokipenda zaidi ni kuchakaza, yaani kukipa kitu kipya sura ya kilichotumika. Mlango mpya unapitishwa msasa pale mkono unaposhika, unawekwa uchafu kuzunguka kitasa, na chini alama za viatu. Anayechakaza kila mahali sawasawa hajawahi kuutazama mlango. Vitambaa vyeupe pepe tunavichovya kwenye chai, maana chini ya taa weupe ule huvuta jicho kuliko uso wa mwigizaji.

Kabla hujajenga, kaa na mpiga picha mkuu, ujue kamera itasimama wapi na kwa lenzi gani. Dari isiyoonekana ni hela iliyotupwa. Ukuta mmoja au miwili uwe wa kung'oka, kamera ipate pa kurudi nyuma.

Vyeo vinachanganya wageni. Mbunifu mkuu anashika sura nzima ya filamu, mkurugenzi wa sanaa anasimamia michoro, ujenzi na bajeti. Kiti kilichotulia sebuleni ni cha mpambaji wa seti. Mwigizaji akikinyanyua ampige nacho mtu, kimeshakuwa cha mtu wa propsi, yaani vitu vinavyoshikwa na waigizaji. (Ugomvi wa nani anakilipia huwa hauishi.) Cheo cha mbunifu mkuu kilipata uzito mwaka 1939, William Cameron Menzies alipotajwa hivyo kwenye filamu ya Gone with the Wind. Tuzo ya Oscar ya kazi hii iliendelea kuitwa ya uongozaji sanaa hadi 2012, na mtu mweusi wa kwanza kuishinda ni Hannah Beachler, 2019, kwa Black Panther.

Ubaya wa kazi hii: ni mikataba ya muda. Filamu ikiisha, umebaki bila kazi, ndiyo maana wengi wetu huziba pengo kwa matangazo, tamthilia za jukwaani na maonyesho. Na kwenye seti unafika kabla ya taa kuwashwa.

Kwenye mkoba wako wa kazi (mkusanyiko wa kazi unazowaonyesha waajiri) punguza michoro ya kupendeza. Mimi nikipokea kazi za waombaji, natafuta kwanza ramani ya chumba yenye vipimo, kisha orodha ya vifaa vya onesho moja, kisha picha ya kitu kabla na baada ya kuchakazwa. Chagua chumba kimoja kutoka hadithi yoyote, tengeneza hivyo vitatu, weka hapa tukukosoe.