Re: Yaa Asantewaa alipigana kisa kiti tu?
Mkuu umeuliza inakuwaje watu wafe kisa kiti. Aisee kile kigoda cha dhahabu kwa Waasante, watu wa Ghana ya leo, ndo roho ya taifa lao, hata mfalme mwenyewe hakikalii. Sasa 1900 gavana wa Waingereza, Hodgson, anaenda Kumasi, mji mkuu wa Waasante, anataka apewe akikalie yeye, na mfalme wa Waasante, Prempeh, Waingereza walishamkamata tangu 1896, machifu wengine wanasitasita, ndo huyu Yaa Asantewaa, mama malkia wa mji wa Ejisu, bibi wa miaka kama 60, akasimama akasema basi wanawake tutapigana. Wakaizingira ngome ya Waingereza mpaka gavana akatoroka mwezi wa sita. Baadae Waingereza walimkamata huyo mama wakampeleka Ushelisheli, akafia huko 1921, namheshimu mno, maana kigoda walikificha na Waingereza hawakukipata kamwe.